Bomba la Kuzuia Mlango wa Wavu Usijibamize: Tathmini Baada ya Miezi Minane ya Matumizi, Kigoma

Nyumba yetu iko Mwanga, mjini Kigoma, na mlango ninaouzungumzia hapa ni ule wa wavu unaotoka ukumbini kwenda uani, kwenye jiko la nje, bomba la maji na kamba za kuanikia nguo. Hakuna mlango unaotumika kuliko huo. Kwa miaka sita ulikuwa umefungwa springi ya waya, ile ndefu ya kusokotwa inayopatikana karibu kila duka la vifaa vya ujenzi, na kwa miaka hiyo yote kila aliyepita aliuacha nyuma yake ukijibamiza kwa kishindo kilichotikisa glasi kabatini. Mama yangu, ambaye chumba chake kimepakana na ukumbi, aliuita mlango huo bunduki. Mwezi Juni mwaka jana niliitoa springi na kuweka bomba la kuufunga mlango taratibu, na sasa kwa kuwa limepita katika kiangazi kizima na sehemu kubwa ya msimu wa mvua, naona nimekaa nalo muda wa kutosha kulitolea hukumu.

Nianze na hukumu yenyewe, kwa sababu wapo wasomaji wanaotaka kujua tu kama wakanunue au wasinunue. Bomba ni zuri, na bei yake, shilingi 22,000, ni halali kwa mlango unaopitwa mara nyingi kwa siku. Lakini skrubu zilizomo ndani ya boksi hazifai, mchoro wa maelekezo umeruka jambo moja la lazima, na kuna kipande kimoja kidogo ambacho kwa nyumba nyingi za huku kwetu ni afadhali kitolewe siku hiyo hiyo ya kufunga. Ningelipa nyota nne kati ya tano, na ile ya tano imepotelea kwenye skrubu.

Lenyewe ni bomba jembamba la chuma lililopakwa rangi ya kahawia, urefu wake ni sentimita 30 hivi, na upande mmoja hutoka fimbo ya chuma inayong'aa. Boksini mna pia vishikio viwili, kimoja cha kufungwa kwenye fremu na kingine kwenye mlango, pini mbili za kuunganishia, skrubu, na karatasi yenye mchoro na maandishi ya Kichina. Jina la mtengenezaji sikuliona popote. Muuzaji aliliita pampu ya mlango. Fundi seremala aliyekuja kulifunga aliligeuzageuza mkononi, akaivuta fimbo, akaiachia, akasema, "Mwalimu, hii ni shokapu tu, kama ya pikipiki," na jina lake hilo ndilo lililonisaidia kuelewa kazi ya kifaa hiki kuliko ile karatasi.

Springi ya kawaida hubamiza mlango kwa sababu haina breki. Unapoufungua mlango unaivuta, nayo hutunza nguvu yote uliyoitumia. Ukiuachia, huirudisha nguvu hiyo kwenye mlango, na mlango huzidi kukimbia kadiri unavyoikaribia fremu, hata ukafika pale ukiwa na kasi kubwa kuliko uliyokuwa nayo njiani kote. Kuweka springi laini zaidi si dawa, kwa kuwa iliyo laini kiasi cha kutopiga kelele huwa laini mno kwa kushindana na upepo, na mlango hubaki wazi kwa upana wa kiganja. Nimejaribu, na nimeshindwa. Bomba hili nalo lina springi ndani yake, ila mlango unaporudi, pistoni yenye mpira huisukuma hewa iliyonaswa ndani, na hewa hiyo haina pa kutokea isipokuwa kitundu kidogo kilichoko mwishoni mwa bomba, ambacho upana wake hurekebishwa kwa skrubu. Hewa hutoka taratibu, na mlango hurudi taratibu. Ukisogeza sikio karibu unaisikia ikitoka kwa sauti hafifu, kama ya mtu anayepuliza chai ya moto.

Skrubu hiyo ya mwishoni ndiyo roho ya kifaa. Ukiikaza kwa kufuata mwendo wa mishale ya saa, mlango hupunguza kasi, ukiilegeza, huongeza. Mtu asiizungushe kama anayefunga koki ya maji: robo ya mzunguko hubadili mwendo kwa namna inayoonekana kwa macho, na tofauti kati ya mlango unaofunga kwa sekunde tatu na ule unaochukua sekunde kumi ni ndogo sana kwenye ncha ya bisibisi. Wangu nimeuacha kwenye sekunde nne, na nitaeleza sababu ya kutotaka zaidi ya hizo.

Nakiri kwamba sikulinunua bomba hili kwa ajili ya mbu. Nililinunua kwa sababu binti yetu alikuwa amejifungua na kuja kukaa kwetu arobaini yake, na kila mlango ulipojibamiza mtoto alishtuka akarusha mikono yote miwili kabla ya kuanza kulia. Wanawake wa nyumbani walipata ufumbuzi wao mapema kuliko mimi: jiwe. Mtoto akilala, jiwe linawekwa chini ya mlango, mlango unabaki wazi, kelele inakwisha. Ndipo nikaanza kutazama, na nikagundua kwamba jiwe lile halikuanza na mtoto, bali lilikuwepo siku zote, isipokuwa zamani lilitumika mama anapojinyoosha mchana, au mgeni anapokuwa ukumbini, au mtu anapobeba sufuria mikono yote miwili. Kishindo ndicho kilichowafundisha watu kuuacha mlango wazi, na mlango wa wavu ulioachwa wazi hautofautiani na ukuta wenye tundu.

Kwa mkoa wetu jambo hili si dogo. Utafiti wa viashiria vya malaria wa mwaka 2017 uliikuta Kigoma ikiwa na kiwango cha juu kuliko mikoa yote ya Tanzania Bara kwa maambukizi ya watoto wa chini ya miaka mitano, takriban asilimia 24. Mbu waenezao malaria huuma zaidi usiku, na giza huingia wakati ule ule ambao chakula cha jioni kinatoka uani kuja ndani, sahani baada ya sahani, na mlango haupumziki. Tulikuwa tumegharamia wavu kwenye madirisha yote na milango miwili, halafu tukawa tunauondolea maana kwa jiwe la bure. Tangu bomba lifungwe, jiwe limekosa kazi, na hiyo ndiyo faida kubwa kuliko ukimya wenyewe. Kwa sababu hiyo hiyo sikupenda mlango uchukue sekunde kumi kufunga, ingawa ungefunga kimya zaidi: kila sekunde mlango ulipo wazi ni nafasi ya mbu.

Ufungaji ndio ulioleta taabu. Bomba hukaa upande wa bawaba, kishikio kimoja kwenye fremu na kingine mlangoni, likiwa limelala sawa bila kuinama. Fundi alifuata mchoro kama ulivyo: alifunga mlango, akalishikiza bomba kwenye fremu huku fimbo ikiwa imeingia ndani yote, akatia alama pale mwisho wa bomba ulipoangukia mlangoni, akatoboa. Tulipojaribu, mlango ulirudi vizuri mno, kwa heshima kabisa, kisha ukasimama vidole viwili kabla ya kufika. Tulilegeza skrubu ya hewa. Ukaja kwa kasi zaidi, ukasimama pale pale. Fundi alichuchumaa akalitazama kwa muda, halafu akacheka. "Hatujaibebesha mzigo," alisema. Maana yake ni kwamba mlango unapokuwa umefungwa kabisa, fimbo haipaswi kuwa imeingia yote. Lazima ibaki imevutwa nje kidogo, kiasi cha sentimita moja hivi, ili springi ya ndani iendelee kuuvuta mlango hata unapokuwa umeshafika. Bila mzigo huo, nguvu ya springi huisha kabla ya safari ya mlango kuisha. Alikisogeza kishikio cha mlangoni mbali kidogo na bawaba, akatoboa upya, na mlango ukafunga. Mashimo mawili ya mwanzo aliyaziba kwa vumbi la mbao lililochanganywa na gundi, na ukitafuta utayaona.

Mlango wetu ni wa mninga, na mninga mkavu hausamehe anayekurupuka. Asiyetoboa kwanza kwa drili yenye sindano nyembamba kuliko skrubu atajikuta ameikata skrubu katikati na kichwa chake kimebaki kwenye bisibisi. Fundi wetu alizisugua skrubu kwenye kipande cha sabuni ya kufulia kabla ya kuziingiza, desturi ya zamani ya maseremala, nazo ziliingia bila kelele. Hata hivyo tulifanya kosa la kutumia zile zilizotoka boksini, ambazo ni fupi, hazifiki hata inchi moja. Wiki ya tatu mtoto wa jirani alining'inia kwenye mlango, kishikio cha fremu kikang'oka na skrubu zake zote, na bomba likabaki linaning'inia kama mkono uliovunjika. Tuliweka skrubu za inchi moja na nusu, zilizogharimu shilingi mia chache, na kishikio hakijatikisika tena. Anayekwenda kununua bomba na anunue skrubu hizo safari hiyo hiyo, kwa sababu kishikio cha fremu huvutwa kwa nguvu kila mlango unapofunguliwa.

Sasa niseme juu ya upepo, ambao kwa mji wa kandokando ya ziwa ni nusu ya habari. Mbele ya nyumba yetu ni magharibi, kuelekea Ziwa Tanganyika, na uani ni mashariki. Mchana upepo hutoka ziwani, hupita mlango wa mbele, hukatiza ukumbi na kuusukuma mlango wa uani kwa nje, kwa hiyo bomba hulazimika kufunga likishindana nao. Usiku mambo hugeuka, upepo hutoka nchi kavu kuelekea ziwani na kuusukuma mlango kwa ndani. Na katika miezi ya kiangazi, upepo wa kusini mashariki unaposhika, msukumo huo huongezeka. Matokeo yake ni kwamba bomba lililorekebishwa saa tisa alasiri likafunga vizuri linaweza kubamiza saa tatu usiku, na lililorekebishwa usiku likawa pole linaweza kushindwa kumalizia mchana. Nilipoteza siku nne nikiizungusha ile skrubu huku na huku kabla ya kulielewa hilo. Suluhisho halikutoka kwenye bomba bali kwenye sumaku ya kabati ya shilingi 1,500: niliweka mwendo wa pole unaofaa usiku, na sumaku iliyofungwa juu ya fremu huumalizia mlango ule upana wa kidole ambao mchana bomba peke yake haliuwezi. Mlango ukifika husikika kama mtu aliyegonga kucha mezani, basi.

Jambo jingine nililojifunza katika siku hizo nne ni kuhusu wavu wenyewe. Wavu safi hupitisha upepo, lakini wetu, ulio hatua chache kutoka jikoni, ulikuwa umejaa masizi na vumbi kiasi kwamba ukiutazama kinyume na mwanga ungedhani ni kitambaa, na wavu wa namna hiyo hushika upepo kama tanga. Niliusugua kwa brashi laini na maji ya sabuni, na siku hiyo hiyo mlango ulipunguza ukaidi. Sehemu ya chini ya mlango wetu ina plaiwudi ili watoto wasiutoboe wavu kwa miguu, na hiyo bado hushika upepo, ila kwa hilo sina la kufanya. Nilichoongeza ni mnyororo mfupi kati ya fremu na mlango ili upepo wa alasiri usiutupe mlango hadi ukutani, kwa maana fimbo ya bomba ikivutwa hadi mwisho kwa nguvu hupinda, na iliyopinda hairudi tena ndani ya bomba sawasawa.

Nimesema kuna kipande cha kutolewa. Kwenye fimbo mna kipete kidogo cha bati, mafundi hukiita washa, ambacho ukikisogeza hadi kwenye mdomo wa bomba mlango ukiwa wazi, hukaa upande na kuing'ata fimbo, na mlango hubaki wazi bila kushikwa na mtu. Aliyekibuni alikuwa na nia njema, kwa kuwa kinamsaidia anayeingiza gunia au kochi. Nyumbani kwangu kilikuwa jiwe la pili. Siku ya tatu watoto walishakijua, siku ya tano nilikuta mlango umeachwa wazi tangu jua lilipozama, na hapakuwa hata na jiwe la kumwonyesha mtu kosa lake. Nilichomoa pini, nikakitoa kipete, na sasa mwenye kuingiza gunia anamwita mtu amshikie mlango, kama tulivyolelewa.

Mvua zilipoanza mwishoni mwa mwaka mlango uliumuka kidogo kwa unyevu, ukaanza kugusa fremu kwenye kona ya juu, na bomba likaonekana limechoka. Halikuwa limechoka. Fundi alipiga randa kidogo kwenye kona hiyo, nikatia matone ya mafuta ya cherehani kwenye bawaba, na mwendo ukarudi ulivyokuwa bila kuigusa skrubu ya hewa. Ninalieleza hili kwa sababu ni rahisi kulilaumu bomba kwa makosa ya mlango: kabla ya kununua, mtu na ausukume mlango wake kwa kidole kimoja bila springi yoyote, na kama haufiki wenyewe mpaka mwisho bila kukwaruza, fedha ya kwanza iende kwa seremala. Kuhusu matunzo, huifuta fimbo kwa kitambaa kikavu kila mwisho wa wiki, maana vumbi la kiangazi likiganda juu yake huingia ndani na kuula mpira wa pistoni. Hadi leo halijapoteza hewa.

Njia za bei nafuu nazo zina haki yake, na baadhi nimezitumia miaka mingi. Vipande vya ndala vilivyogongomelewa kwenye fremu hupunguza kelele lakini havipunguzi mwendo wala havizuii mtikisiko unaolegeza bawaba. Tena vikiwa vinene huacha mwanya unaomtosha mbu kupita akiwa amenyoosha mabawa. Anayevitumia na avikate vyembamba, visizidi unene wa sarafu mbili, na aviweke mahali patatu. Tyubu ya baiskeli iliyokatwa utepe na kufungwa badala ya springi huvuta kwa upole zaidi, na kwa mlango mwepesi inafaa kabisa kwa miezi michache, ila jua la uani huikausha, na siku inapokatika hakuna anayejua mpaka asubuhi. Mlango wetu wa mbele, unaofunguliwa mara chache na kukingwa na baraza, nimeuachia springi yake ya zamani pamoja na vipande vyembamba vya ndala na sumaku, na sioni sababu ya kuutumilia shilingi 22,000 nyingine.

Malalamiko pekee yaliyobaki ni ya mama. Kwa miaka sita alijua kutoka kitandani nani ameingia na kwa hasira kiasi gani, na sasa anasema tunapita kama wezi. Wiki iliyopita aliagiza kengele ndogo ya mbuzi kutoka sokoni, nami nimeifunga kwenye mnyororo wa mlango, mahali ambapo hulia mara moja tu mlango unapofunguliwa na kukaa kimya unapofunga.